Amri ya Mahakama Ikikufikia: Namna ya Kuitii, Kuipinga, na Kumchukulia Hatua Anayeivunja

Zege limeshachanganywa, mafundi wako juu ya jukwaa, na lenta ya nyumba ya Mwahako, Tanga, inasubiri kumwagwa. Hapo ndipo anapofika mpeleka nyaraka wa mahakama na karatasi yenye mhuri: zuio la muda, kazi isimame. Swali la mwenye nyumba saa hiyo ni lilelile siku zote: nimalizie walau hili zege lisiharibike? Jibu ni hapana. Zege lililogandia chini ni hasara ya mifuko michache ya saruji. Lenta iliyomwagwa baada ya amri kupokewa ni ushahidi, jirani ataipiga picha ingali mbichi, na mwisho wa njia hiyo unaweza kuwa gereza la Maweni.

Mwongozo huu ni wa pande zote mbili: aliyepokea amri na aliyeiomba. Mifano ni ya Tanga mjini na wilaya za jirani, lakini sheria ni ya Tanzania Bara nzima. Namba za vifungu tulizotumia ni za Toleo la 2019 la sheria. Ukishika toleo jipya zaidi, hakikisha namba kabla ya kuziandika kwenye maombi yako.

Dharau ya mahakama inaanzia wapi

Watu wengi wakisikia kudharau mahakama hufikiria mtu aliyemfokea hakimu. Hilo limo, lakini ni sehemu ndogo. Kifungu cha 114 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, kinataja mambo mengi ambayo raia wa kawaida huyafanya bila kujua kuwa ni kosa la jinai lenye kifungo cha hadi miezi 6. Shahidi aliyeitwa akakataa kwenda, au akaenda akakataa kuapa. Mtu anayemrubuni au kumtisha shahidi wa upande wa pili. Mwajiri anayemfukuza kazi mfanyakazi kwa sababu ametoa ushahidi. Anayechapisha au kusambaza maneno yanayopotosha shauri ambalo bado linasikilizwa. Na lililo muhimu sana kwa mashauri ya mashamba: mtu aliyetolewa kwenye ardhi kwa hati ya mahakama, kisha akarudi kuikalia. Dalali wa mahakama ameondoka saa 8 mchana, familia inarudisha vitanda saa 12 jioni. Hilo ni kosa hata kama rufaa imeshakatwa.

Kosa likifanyika mbele ya hakimu mwenyewe, kifungu hichohicho kinampa uwezo wa kumweka mtu chini ya ulinzi na kulishughulikia siku hiyohiyo kabla mahakama haijainuka. Hata hapo mtuhumiwa ana haki ya kuelezwa alichokosea na kupewa nafasi ya kujibu, na yote hayo yaandikwe kwenye mwenendo wa shauri.

Kifungu cha 124 kinafuata: kutotii amri halali ya mahakama ni kosa lenye kifungo cha hadi miaka 2, pale ambapo sheria haikuweka adhabu au utaratibu mwingine.

Upande wa madai ndiko mambo mengi hutokea. Zuio la muda hutolewa chini ya Amri ya XXXVII ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33 (Amri yenye namba ya Kirumi ni sehemu ya sheria hiyo, si amri ya hakimu). Anayelivunja, mahakama iliyolitoa inaweza kuamuru mali yake ikamatwe na yeye mwenyewe awekwe ndani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Mali iliyokamatwa ikikaa mwaka 1 na ukaidi ukaendelea, inaweza kuuzwa, na aliyeumia akalipwa fidia kutokana na fedha hizo. Kusudi kubwa hapa ni kukulazimisha utii. Ndiyo maana ukitii katikati ya njia, mahakama inaweza kukuachia kabla muda haujaisha.

Siku amri inapofika

Simamisha kwanza, soma baadaye. Mpangilio huo ukiugeuza unajitafutia matatizo, kwa sababu kusoma kutageuka mjadala, mjadala utageuka simu kwa shemeji anayejua sheria kidogo, na kazi itakuwa inaendelea wakati wote huo.

Kazi ikishasimama, kaa na karatasi. Tazama jina la mahakama au baraza, namba ya shauri, majina ya wahusika, jina na saini ya aliyetoa amri, mhuri, na tarehe. Kisha tafuta mambo matatu ambayo ndiyo hasa yanayokuhusu: umekatazwa au umeagizwa nini, mahali gani, na hadi lini. Karibu kila zuio lililotolewa upande mmoja, yaani bila wewe kuwepo, lina tarehe ya kurudi mahakamani ili usikilizwe. Iandike tarehe hiyo mahali ambapo huwezi kuikosa. Nakala za maombi na hati ya kiapo ya mwenzako zinapaswa kuambatana na amri. Zikikosekana, ziulize masjala, yaani ofisi ya majalada ya mahakama.

Ukiitilia shaka karatasi, nenda nayo masjala ya mahakama iliyotajwa, iwe Mahakama Kuu Masjala Ndogo ya Tanga, Mahakama ya Hakimu Mkazi, Mahakama ya Wilaya au Baraza la Ardhi na Nyumba, umpe karani namba ya shauri. Amri za kughushi zipo, na njia ya kuzijua ni jalada. Lakini unapokwenda kuuliza, mafundi wawe chini.

Muda wa zuio huwachanganya watu wa pande zote. Zuio la muda haliwezi kuzidi miezi 6 kwa mara ya kwanza. Aliyelipata anaweza kuomba liongezwe, ila jumla yake isipite mwaka 1, na lazima aonyeshe kuwa anahangaikia shauri lake kwa bidii. Kwa hiyo mwenye zuio asidhani karatasi ya mwezi wa tatu itamlinda hadi hukumu. Na aliyezuiwa asihesabu miezi kwenye kalenda ya ukutani akaanza kujenga: nenda uangalie jalada, huenda zuio liliongezwa siku ambayo hukuhudhuria.

Amri inayosema "hali iliyopo ibaki kama ilivyo" ni ngumu kuliko inavyoonekana. Hali ipi? Ya siku shauri lilipofunguliwa au ya siku amri ilipotolewa? Kama unalima shamba la michungwa Muheza na amri imekukuta katikati ya kuvuna, je, kuvuna ni hali iliyopo au ni kuibadilisha? Usijijibu mwenyewe kwa namna inayokupendeza. Peleka maombi mafupi mahakamani uombe ufafanuzi, na hadi upate jibu, fanya lile ambalo mtu asiye na upande angeliona kuwa salama.

Kisha waandikie watu wako. Zuio halikuhusu wewe peke yako. Kwa kawaida linawataja mawakala wako, watumishi wako na yeyote anayefanya kwa niaba yako. Kampuni ikizuiwa, maofisa wake wanafungwa na amri ileile. Na mtu wa nje anayejua amri ipo, kisha akakusaidia kuivunja, naye yumo hatarini. Barua ya mistari mitatu inatosha:

"Kuanzia leo tarehe ……, kwa amri ya Mahakama …… katika shauri Na. ……, kazi zote kwenye kiwanja Na. …… Kitalu …… zinasimama. Hakuna kujenga, kubomoa, kuchimba wala kuingiza vifaa hadi nitakapowaandikia tena. Mlinzi atabaki kulinda mali iliyopo tu."

Fundi mkuu asaini na kuandika tarehe na saa. Weka nakala. Siku ukituhumiwa kuwa kazi iliendelea usiku kwa maagizo yako, karatasi hiyo itasema zaidi ya maneno yako. Piga na picha za eneo siku hiyohiyo, kwa sababu na wewe unahitaji kumbukumbu ya kazi ilipoishia.

Kuna hali ambapo kusimama ghafla kunaleta hatari: shimo la choo lililo wazi karibu na njia ya watoto, ukuta ulioegemezwa kwa mirunda, paa lililoezuliwa nusu na mvua za masika zinakuja. Katika hali hizo omba mahakama ruhusa ya kazi ya dharura tu, na uitaje kwa vipimo: kufunika shimo la futi fulani kwa mbao, kuweka nguzo mbili. Ombi la namna hiyo likiletwa siku ya kwanza lina uzito. Kazi ikifanyika kwanza na maelezo yakaja wiki ya tatu, inakuwa utetezi wa mtu aliyekamatwa.

Amri za fedha na za watoto

Hukumu ya kulipa fedha ina mtego wake. Watu humalizana nyumbani: mdaiwa anapeleka laki tano Ngamiani, mshinda tuzo (aliyeshinda shauri) anashukuru, wanakunywa kahawa, hakuna karatasi. Miezi minane baadaye yanakuja maombi ya kukaza hukumu, yaani kuitekeleza, kwa deni lote. Chini ya Amri ya XXI ya Sura ya 33, malipo yaliyofanyika nje ya mahakama yanapaswa kuthibitishwa na kuandikishwa kwenye jalada. Yasipoandikishwa, mahakama inayokaza hukumu haiyatambui. Lipa kupitia mahakama, au kama mmelipana wenyewe, andikeni hati, msaini wote wawili, muipeleke masjala iingie kwenye jalada. Huna uwezo wa kulipa kwa mkupuo? Omba kulipa kwa mafungu, ukiambatanisha ushahidi wa kipato chako. Kutokuwa na uwezo kwa kweli ni utetezi. Kukaa kimya ukiwa na uwezo si utetezi.

Usidhani pia kuwa hukumu inachakaa. Muda wa kuomba kukaza hukumu ni miaka 12. Ikipita zaidi ya mwaka 1 tangu tarehe ya tuzo (hati rasmi inayotaja kilichoamuliwa kwenye hukumu), mahakama itakupa kwanza hati ya kujieleza kwa nini isitekelezwe. Ukiipata hati hiyo, nenda. Kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, mwenyekiti akipokea maombi ya utekelezaji humpa kwanza mshindwa tuzo siku 14 za kutii kwa hiari yake. Hizo ni siku za kuhama kwa heshima au kwenda kuomba kusimamisha, msizipoteze kwa vikao vya ukoo.

Amri za matunzo ya mtoto na za mtoto kukaa na nani ndizo zinazoumiza zaidi, na tunaomba wazazi watusikilize hapa. Amri ya baba kutoa matunzo na amri ya baba kumwona mtoto ni amri mbili. Baba asipolipa, mama hana ruhusa ya kumficha mtoto. Anapaswa kurudi mahakamani kudai matunzo. Mama akimficha mtoto, baba hana ruhusa ya kukata matunzo. Anapaswa kurudi mahakamani kudai haki ya kumwona. Kila mmoja akijilipizia, wote wawili wanakuwa wakaidi mbele ya hakimu, na mtoto ndiye anayekosa ada na kukosa mzazi kwa wakati mmoja. Malipo ya matunzo yafanyike kwa njia inayoacha alama: kwenye simu, andika "matunzo ya mwezi fulani" pale penye nafasi ya maelezo, na kila baada ya miezi michache chukua taarifa ya miamala ukaihifadhi.

Huikubali amri? Ipinge kwa njia yake

Kanuni ni hii, na haina kona: amri ya mahakama inatiiwa hadi mahakama yenyewe au ya juu yake itakapoiondoa. Haijalishi unaamini imetolewa kimakosa, kwa uongo wa mwenzako, au bila wewe kusikilizwa. Kesi ya Uingereza ya Hadkinson dhidi ya Hadkinson ya mwaka 1952 iliweka msimamo huo, na ndio unaofuatwa katika nchi zilizorithi mfumo huohuo wa sheria, yetu ikiwemo. Kesi hiyo ina jambo lingine linalosahaulika: anayeendelea kukaidi, mahakama inaweza kukataa kusikiliza maombi yake mengine hadi atii kwanza. Unajifungia mlango mwenyewe.

Kwa zuio la muda, njia ya kwanza ni kurudi mahakama ileile na kuomba liondolewe, libadilishwe au litenguliwe. Kanuni ya 5 ya Amri ya XXXVII inakuruhusu. Usikimbilie rufaa, kwa sababu kifungu cha 74(2) cha Sura ya 33 kinazuia rufaa dhidi ya amri ndogo isiyomaliza shauri. Muda mwingi na fedha nyingi hupotea kwenye rufaa za aina hiyo, ambazo hutupwa kwa pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria inayotolewa kabla shauri halijasikilizwa.

Kwa hukumu, hesabu siku kwa ukali. Kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda Wilaya ni siku 30. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kwenda Mahakama Kuu ni siku 45. Kutoka Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi ikiwa shauri lilianzia hapo, kwenda Mahakama Kuu, ni siku 90 kwa tuzo. Andika barua ya kuomba nakala za hukumu na tuzo mapema kabisa, wiki ileile hukumu iliposomwa, na nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa. Siku za kusubiri nakala zinaweza kutolewa kwenye hesabu, lakini ni lazima uonyeshe kuwa uliomba.

Sasa lile linalowagharimu watu nyumba zao: kukata rufaa hakusimamishi utekelezaji. Kunahitaji maombi ya pekee ya kusimamisha, na Amri ya XXXIX, Kanuni ya 5, inataka mambo matatu kwa pamoja. Uonyeshe utapata hasara kubwa amri ikitekelezwa. Uwe umekuja bila kuchelewa. Na uwe tayari kuweka dhamana kwamba ukishindwa utatekeleza. Hilo la tatu ndilo linaloachwa, watu wanajaza kurasa za uchungu wa kuhamishwa na hawataji dhamana hata kwa mstari mmoja. Taja ni dhamana gani na thamani yake. Shauri likiwa limefika Mahakama ya Rufani, maombi ya kusimamisha yanapelekwa ndani ya siku 14 tangu ulipopewa taarifa ya utekelezaji, chini ya Kanuni ya 11 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za mwaka 2009.

Na kama dalali wa mahakama amekuja kukamata mali ya mtu mwingine kwa deni lako, mathalani boti ya uvuvi ya kaka yako aliyoiegesha Sahare lakini mdaiwa ni wewe, kaka asigombane na dalali ufukweni. Anayedai mali ni yake hupeleka pingamizi mahakama ileile chini ya Kanuni ya 57 ya Amri ya XXI, akiambatanisha leseni, risiti za kununulia na mkataba wa mauziano. Dalali mwenyewe mwombe aonyeshe hati ya mahakama inayomtuma. Ana wajibu wa kuwa nayo.

Ukiwa wewe ndiye mwenye amri

Amri isiyo bayana haina nguvu, na ubayana wake unaanzia kwenye maombi yako. Ukiomba "mjibu maombi azuiwe kusumbua eneo la mwombaji", utapata amri ambayo hakuna anayeweza kuthibitisha kuwa imevunjwa. Andika vitenzi vinavyoonekana kwa macho: kujenga, kubomoa, kuchimba, kukata miti, kuuza, kuweka rehani, kukodisha. Andika eneo kwa namba ya kiwanja na kitalu. Kama ardhi haijapimwa, taja mtaa au kijiji, ukubwa wa eneo, na majirani wa kaskazini, kusini, mashariki na magharibi kwa majina, pamoja na alama zisizohama. Majina ya wajibu maombi yawe kamili.

Uamuzi ukishasomwa, kuna hati mbili: uamuzi wenye sababu, na amri yenyewe iliyochorwa na kusainiwa. Unayoihitaji mtaani ni ya pili. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya mahakama, kwa hiyo omba amri yako kwa Kiswahili. Mjibu maombi anayesema hakuelewa Kiingereza unakuwa umemwondolea kisingizio.

Kisha ifikishwe. Tumia mpeleka nyaraka wa mahakama, umsindikize au umpe mtu wa kumwonyesha mhusika, lakini usimkabidhi mhusika wewe mwenyewe mkiwa wawili tu. Kiapo cha mpeleka nyaraka kitaje tarehe, saa, mahali, nani alimtambulisha mhusika, na nini kilitokea. Akikataa kusaini, kiandikwe hivyo, na nakala ibandikwe mlangoni mbele ya mwenyekiti wa mtaa au mtendaji, ambaye ataandika jina na kusaini. Kumtumia picha ya amri kwa WhatsApp kunasaidia kuonyesha alijua, ila kusichukue nafasi ya kumfikishia. Kama yeye au wakili wake alikuwepo amri ilipotamkwa, andika hilo kwenye kiapo chako. Kujua kwake hakuna ubishi.

Polisi je? Wengi hukimbilia kituo cha Chumbageni na amri ya zuio mkononi wakitaka mtu akamatwe. Askari hana kazi ya kutekeleza amri ya madai kwa kuombwa na mhusika. Anamsaidia dalali pale mahakama inapoelekeza. Nenda polisi kama kuna jinai: umepigwa, umetishiwa, mali imeharibiwa. Kuhusu zuio, rudi kwa aliyelitoa.

Amri ikivunjwa, kazi yako ni kurekodi. Kabla au mara tu baada ya amri kufikishwa, piga picha za eneo ukiwa umesimama mahali pamoja unapoweza kurudi, na ndani ya picha kuwe na kitu kisichohama: nguzo ya umeme, mnazi, kona ya nyumba ya jirani. Rudi hapohapo kila siku panapotokea mabadiliko. Hesabu kozi za matofali. "Tarehe amri ilipofikishwa ukuta ulikuwa na kozi 8, siku tatu baadaye ulikuwa na kozi 13" ni sentensi inayomaliza ubishi ambao kurasa tano za malalamiko hazimalizi. Andika saa, namba za gari lililoleta mchanga, na walioona. Shahidi asiye ndugu yako ana thamani kubwa, na mjumbe au mwenyekiti wa mtaa aliyekuja kuona kwa macho yake ni bora kuliko aliyepigiwa simu.

Picha zibaki kwenye simu iliyozipiga. Ukizituma WhatsApp zinapunguzwa ubora na kupoteza taarifa za tarehe. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inakubali ushahidi wa aina hii, lakini mahakama hupima ulivyotengenezwa, ulivyohifadhiwa na kama unaaminika. Aliyepiga picha ndiye aape kuwa alizipiga, kwa simu gani, na kwamba hazikubadilishwa.

Usibomoe alichojenga. Ukibomoa, siku ya kusikilizwa mtakuwa wakosaji wawili, na ushahidi wako umeugeuza kifusi.

Maombi yenyewe hupelekwa mahakama iliyotoa amri, yakiungwa mkono na hati ya kiapo. Hapa ndipo maombi mengi mazuri yanapoanguka, kwa makosa yanayozuilika. Hati ya kiapo ni ya mambo uliyoyaona na kuyajua. Ukiandika "mjibu maombi ni mkaidi na anastahili kifungo", hiyo ni hoja, na ombi la kumfunga mahali pake ni kwenye hati ya maombi. Jambo uliloambiwa, mtaje aliyekuambia, na yeye mwenyewe aape kama inawezekana. Sehemu ya uthibitisho mwishoni itenganishe aya unazozijua mwenyewe na zile za kuambiwa. Na mahali pa kiapo, pale anaposaini kamishna wa viapo, paonyeshe tarehe na mahali ulipoapia. Kikikosekana kimoja, pingamizi la awali litakuja na huenda likafaulu. Ambatanisha amri, kiapo cha kufikishwa kwake, na picha zenye tarehe.

Omba vitu kwa ngazi: kwanza mjibu maombi aitwe ajieleze kwa nini asiadhibiwe, arudishe hali kama ilivyokuwa kwa gharama zake, mali yake, uitaje, ikamatwe, awekwe ndani kama mfungwa wa madai, na gharama. Mtu anayeomba kifungo peke yake anaonekana anatafuta kisasi, na kifungo hakitabomoa ukuta ule.

Siku ya kusikilizwa utatakiwa kuthibitisha mambo manne: amri ilikuwepo na ilikuwa bayana, mjibu maombi aliijua, alikuwa na uwezo wa kuitii, na aliivunja kwa makusudi. Kwa sababu uhuru wa mtu uko hatarini, uzito wa ushahidi unaotakiwa ni mkubwa kuliko wa madai ya kawaida. Jambo moja likilegea, maombi yanaanguka.

Ukiitwa ujieleze

Hudhuria. Kutohudhuria kunaleta hati ya kukamatwa, na kunamfanya hakimu aamini yote aliyoandika mwenzako. Jibu kwa kiapo kinzani, aya kwa aya, ukigusa yale mambo manne tu: sikufikishiwa, na huu ndio ushahidi kuwa nilikuwa Pemba wiki hiyo, amri ilitaja kiwanja kingine, niliwaandikia mafundi wasimame, nakala ni hii, sikuwa na uwezo. Ubaya wa amri hauna nafasi hapa, ulikuwa na njia yake.

Kama kweli uliivunja, rekebisha kabla ya siku ya kusikilizwa. Ondoa ulichoongeza, piga picha, kisha omba radhi ukitaja ulichofanya na ulichokwisha kurekebisha. Radhi ya maneno huku kozi zile tano bado zimesimama haina cha kuonyesha.

Ukumbini, mitandaoni, na kwa Serikali

Zima simu kabla hujaingia, simama unapoongea, usirekodi bila ruhusa, na usimjibu wakili wa upande wa pili moja kwa moja; ongea na mheshimiwa. Nje ya ukumbi, hukumu iliyokwisha kutolewa unaweza kuikosoa kwa hoja. Shauri ambalo bado linasikilizwa, kuwasambazia watu wa mtaa sauti zinazomtaja shahidi kuwa amehongwa ni kujitafutia kifungu cha 114.

Serikali ina utaratibu wake. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, hairuhusu mahakama kutoa zuio dhidi ya Serikali. Badala yake mahakama hutamka haki za wahusika. Kuishtaki kunatanguliwa na notisi ya siku 90, na tangu mwaka 2020 halmashauri nazo zimeingizwa kwenye utaratibu huo. Kama mgogoro wako ni na halmashauri, mwone wakili kabla ya kutumia mwongozo huu.

Asiye na uwezo wa kumlipa wakili aombe msaada chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Wasaidizi wa kisheria watakuelekeza na kukusaidia kuandaa nyaraka, ingawa hawaruhusiwi kukuwakilisha mahakamani. Nenda na amri iliyosainiwa, hati ya madai au maombi, kiapo cha mpeleka nyaraka, picha na orodha ya tarehe kwenye karatasi moja. Kikikosekana kile kiapo cha mpeleka nyaraka, utarudishwa masjala kukitafuta kabla ya jambo lingine lolote.